Maagizo ya Ua

Shekue, ufunguo uko chini ya kinu.
Siku kumi na nne nimekatazwa kuinama,
daktari wa macho kasema, na bustani, wajua,
hainyweshwi na mtu aliyesimama wima kama nguzo ya stima.
Basi soma. Nimeandika kwa herufi kubwa,
kubwa kwa ajili yangu, si yako.

Njoo alfajiri, Majengo ikiwa bado inapiga miayo.
Mutinda akileta mkokoteni, onja kwanza:
maji ya kisima cha nyuma yana chumvi,
mnazi utayanywa, mbilingani utanuna.
Mitungi mitatu. Atakubembeleza uchukue minne.

Mimina kwa kopo, chini, shinani,
polepole, kama unamnywesha mgonjwa.
Majani usiyaogeshe jioni:
yakilala na maji yataamka na ukungu,
na konokono watakuja karamuni bila kadi.

Isipokuwa kunde.
Kunde, geuza jani. Ukiwakuta vidukari,
weusi, wamebanana kama abiria wa feri ya Likoni,
chukua ile chupa ya soda niliyoitoboa kifuniko,
ibinye mpaka maji yatoke na hasira.
Waanguke. Wengi hawajui njia ya kurudi.

Lakini ngoja! Tazama kwanza kati yao
kama yumo kidudu cha duara, chekundu,
madoa meusi mgongoni.
Jina lake la vitabuni silijui, mimi namwita Bi Kanga.
Huyo yuko kazini, anakula hao hao.
Mwanawe ana sura mbaya, mweusi, mrefu,
mamba aliyenyweshwa siki akasinyaa.
Mwaka juzi niliwaponda kwa ukucha, mmoja mmoja,
nikajisifu, na kunde zote zikanifia.

Hapa neno moja linakuja mara tatu. Usilichanganye.
Ua la bamia, la manjano lenye moyo wa zambarau:
lisipate hata tone. Nyuki yumo ndani,
na nyuki aliyelowa haruki.
Ua wa nyumba: zunguka, sahani za vyungu zimwage,
mbu hatujawapangishia.
Na ua, lile la kuamrisha:
hilo liweke mwisho kabisa, nyuma ya yote,
ukishaniuliza.

Miaka ishirini na sita nilikuwa karani Kilindini,
meli ipi ifunge gati, ipi ingoje nje.
Hadi leo sijaacha. Bandari tu ndiyo imepungua.

Kivunjajungu akisimama kwenye mrihani
mikono kifuani, mpishe.
Husemwa ukimuua utavunja chungu.
Mimi nilimuua mmoja nikiwa na miaka saba,
na chungu kikavunjika kweli, cha nyanya yangu,
nilikiangusha mwenyewe kwa kutetemeka.

Majimoto wa kwenye mlimau wanauma, ndiyo.
Mwaga maji, ondoka, jikune ukiwa barazani.
Tangu wahamie, wale wadudu wanaonuka
hawajatua tena kwenye ndimu zangu
wala za Bi Mwanatumu, ingawa yeye
ananisihi kila wiki niwamwagie mafuta ya taa.
Akikuletea kibuyu chake, mshukuru, kiweke kando.

Kigae chenye kokoto si cha paka.
Kijaze hadi kokoto zibaki vichwa nje.
Saa nne jua likichoma, nyuki na manyigu
hushuka hapo kunywa, na huwa hawagombani.
Kaa uone, kama huna haraka.

Mimi mwaka mzima nimewajua kwa kidole:
kidukari hupasuka, utelezi,
Bi Kanga hutambaa, hunifanyia mtekenyo,
hupanda hadi ncha ya ukucha, halafu hayupo.
Sina hakika tena kama ni mwekundu.
Nilisema madoa meusi. Mangapi?
Mhesabie, usimshike,
uniandikie kwenye karatasi nikivuliwa bandeji.
Herufi kubwa, tafadhali.